Ng'ombe wako wa kwenye karatasi anakula nini?

Niliwahi kutunga hadithi ya mvulana na ng'ombe wake, nikamsomea mzee mmoja jirani yangu hapa Dodoma, Mgogo aliyechunga tangu ana miaka sita. Ng'ombe wangu alilia machozi, akasema, akamtetea mvulana kwa simba. Mzee akaniuliza swali moja tu: "Mwanangu, kiangazi chote hicho, huyo ng'ombe amekunywa maji wapi?"

Kwa hiyo ukitaka kutunga hadithi ya mtu na mnyama, anza na njaa ya mnyama. Urafiki utakuja wenyewe.

Mfano wangu ni mlembe, ndege anayewaongoza watu kwenye asali. Wahadza wa bonde la Eyasi humpigia mluzi, naye huitika, akaruka mti hadi mti mpaka kwenye mzinga wa nyuki wa porini. Mtu ana moto na shoka, ndege ana macho na mabawa. Mtu anataka asali, ndege anataka nta. Sehemu nyingi za Afrika husimuliwa kwamba ukimnyima mlembe fungu lake, safari ijayo atakupeleka kwa nyoka au simba. Lakini watafiti waliofuatana na Wahadza wamewaona mara nyingi wakiichoma nta au kuifukia, ndege abaki na njaa, aendelee kuongoza! Mimi ningeanzia hapo hapo: mtoto kachuchumaa, anamwangalia baba yake akifukia nta, na ndege yuko tawini anawaangalia wote wawili.

Tena, si lazima wapendane. Jina la mji huu husimuliwa kuwa limetokana na tembo aliyekuja kunywa maji akazama topeni. Wagogo wakasema idodomya, pamezama. Hakuna aliyemfuga wala kumwokoa, lakini kila siku tunamtaja. (Fisi wanaopandwa na wachawi usiku waachie wakubwa, watoto watakukojolea kitanda.)

Ukipata nauli, nenda Kolo, Kondoa, ukatazame michoro ya mapangoni kabla hujaandika. Watu na wanyama wamo kwenye jiwe moja.

Yule ng'ombe nilimwandika upya. Siku hizi hasemi. Usiku anavunja zizi, anaingia kwenye mtama wa jirani, na asubuhi mvulana anachapwa kwa ajili yake. Mzee alisikiliza mpaka mwisho, akanyamaza kidogo, kisha akataka kujua faini ya mtama ilikuwa debe ngapi.