Shauri la Nidhamu na Kupanda Cheo India: Jinsi ya Kufuatilia Bahasha ya Lakiri

Mtumishi wa serikali kuu ya India akiwa na shauri la nidhamu, jina lake halifutwi kwenye orodha ya wanaojadiliwa kupanda cheo. Kamati ya kupandisha vyeo humpima kama wenzake, kisha uamuzi juu yake hutiwa kwenye bahasha na kupigwa lakiri, isifunguliwe mpaka shauri liishe. Utaratibu huo umo kwenye waraka wa Idara ya Utumishi na Mafunzo wa tarehe 14 Septemba 1992, uliofuata hukumu ya Mahakama ya Juu ya 1991 katika kesi ya K.V. Jankiraman.

Anza na tarehe, maana ndizo zinazoamua karibu kila kitu. Bahasha inawahusu watu wa aina tatu tu: aliyesimamishwa kazi, aliyetolewa hati ya mashtaka ya nidhamu na shauri lake bado linaendelea, na anayeshtakiwa kwa jinai mahakamani. Malalamiko na uchunguzi wa awali havimo, hata faili liwe nene kiasi gani. Kwa hiyo tafuta tarehe ya hati ya mashtaka, uilinganishe na tarehe ya kikao cha kamati. Wengi huhesabu tangu siku hati ilipowafikia mkononi, na hapo ndipo wanapoharibu hoja yao. Katika kesi ya Delhi Development Authority dhidi ya H.C. Khurana, 1993, Mahakama ya Juu ilisema hati huwa imetolewa pale ilipoandaliwa na kutumwa. Kumkwepa tarishi hakumsaidii mtu. Tena si lazima kosa liwe kubwa: hati inayolenga adhabu ndogo nayo inafunga bahasha.

Kuna mtego mwingine hapo kati. Kamati inaweza kumpendekeza mtu akiwa safi kabisa, halafu hati ikatolewa kabla hajapandishwa rasmi. Huyo huhesabiwa kama aliyewekewa bahasha tangu kikaoni, na pendekezo lake linasitishwa mpaka shauri liishe.

Bahasha ikishafungwa, usikae kimya. Mamlaka ya uteuzi inatakiwa kupitia shauri kila baada ya miezi 6, kuona limefika wapi na nani analichelewesha. Hesabu miaka 2 tangu kikao cha kwanza kilichofunga bahasha. Shauri likiwa halijaisha, na mtumishi hajasimamishwa kazi, mamlaka inaweza kufikiria kumpandisha kwa muda. Itapima uzito wa tuhuma, maslahi ya umma, kama anaweza kukitumia vibaya cheo kipya, na kama ucheleweshaji umetokana na yeye mwenyewe. Hilo la mwisho ndilo lililo mikononi mwa mtumishi. Kila ombi la kuahirisha analoandika litasomwa siku hiyo, kwa hiyo aombe pale tu anapohitaji kweli, na atunze nakala za barua zinazoonyesha ni ofisi iliyochelewa. Cheo cha muda hakimpi haki ya kubaki nacho.

Akisafishwa kabisa, bahasha inafunguliwa. Kama ilimkubali, anapewa tarehe ya kupanda ya yule aliye chini yake kwenye orodha ya ukubwa kazini, hata ikibidi anayekaimu aliye mdogo kuliko wote arudishwe nyuma. Lakini tarehe hiyo ni ya kwenye karatasi. Malimbikizo ya mshahara hayaji yenyewe; mamlaka ya uteuzi ndiyo huamua kama yatalipwa na kwa kiasi gani, na ikikataa lazima iandike sababu. Aombe uamuzi huo kwa maandishi, tena mapema.

Akipewa adhabu yoyote, kilichomo ndani ya bahasha hakitumiki tena, hata kama kamati ilimsifu. Atasubiri kikao kinachofuata kwa zamu yake, na adhabu itatazamwa pamoja na rekodi yake. Hapa karipio huwaumiza wengi wasiolitarajia. Karipio halizuii kupanda cheo siku za mbele, ila tarehe ya zamani inakuwa imepotea, kwa sababu mwenye karipio hakusafishwa. Aliyezuiliwa nyongeza ya mshahara hapandishwi mpaka muda wa adhabu uishe. Kwa hiyo rufaa dhidi ya karipio, ambalo wengi huliona dogo na kuliacha lipite, huenda ikawa ndiyo njia pekee ya kuirudisha tarehe ya awali.