Somo: Jinsi ya kusikiliza mechi za Yanga redioni, ukiwa Dar, mkoani au ughaibuni

Wakuu, salaam.

Kila siku ya mechi, ikishafika alasiri, inboksi yangu inajaa swali lilelile: "Mkuu, mpira unatangazwa redio gani?" Nikimjibu huyu anakuja yule, na filimbi ikishapulizwa ndiyo wanafurika. Nimechoka. Naandika mara moja tu, na kuanzia leo atakayeniuliza namtumia uzi huu. Mimi ni Mwananchi, kwa hiyo mifano yangu ni ya Yanga. Wa Msimbazi, yaani Simba, nanyi someni tu, mawimbi hayana jezi.

Hatua ya 1: Jua kwanza mechi ni ya mashindano gani.
Mechi ya Ligi Kuu na mechi ya CAF, yaani mashindano ya Afrika, si kitu kimoja redioni. Kwa ligi, TBC ndiyo iliyosaini na TFF, shirikisho letu la soka, haki za matangazo ya redio mwaka 2021, mwaka uleule ambao Azam Media walisaini mkataba wa runinga wa miaka 10 wa shilingi bilioni 225.6. Kwa hiyo mechi ya ligi anza na TBC Taifa. Vituo vingine navyo unaweza kuvikuta vikitangaza, lakini usikariri kwamba kwa kuwa wiki iliyopita walitangaza basi na leo watatangaza. Mechi za kimataifa zina mambo yake, sikiliza vipindi vya michezo vya asubuhi, wenyewe hujinadi mapema wakiwa na mpira.

Na utofautishe matangazo na uchambuzi. Kuna vituo siku ya dabi vinapiga kelele kuanzia alfajiri, wachambuzi wanne mezani, ukadhani mpira uko hapo. Ikifika muda unasikia "tutawaletea matokeo kadiri yanavyotufikia". Hapo umeshapoteza dakika za kwanza ukihangaika kutafuta kwingine.

Hatua ya 2: Tafuta masafa ya hapo ulipo, si ya Dar.
Kituo kimoja kina namba tofauti kila mkoa. Ile 93.7 ya EFM au 88.9 ya Wasafi uliyoizoea Dar, usitegemee kuikuta Mwanza ikiwa na sauti zilezile. FM inakwenda karibu kama macho yanavyoona: mlima au bonde vinaikata. Anayesafiri aandike masafa ya njiani kabla hajapanda basi, maana ukitoka Dar kwenda Dodoma utabadilisha kituo njiani, utake usitake.

Hatua ya 3: Redio ya kawaida.
Washa, vuta antena, tafuta kituo. Basi.

Hatua ya 4: FM ya kwenye simu.
Hapa ndipo wengi mnapokwama, na mimi hapa niliwahi kukosa kipindi cha kwanza kizima nikiwa kwenye basi, kwa hiyo someni polepole.

Simu nyingi zenye redio ya FM hazina antena yake ya redio. Antena ni ule waya wa hedifoni. Ukifungua redio bila kuchomeka waya, simu inakwambia chomeka hedifoni, au inafunguka ikakupa mikwaruzo mitupu. Hedifoni za Bluetooth HAZISAIDII. Ziwe za bei gani, hazina waya, kwa hiyo hakuna antena. Unaweza kuchomeka hedifoni za waya halafu ndani ya redio ukachagua sauti itoke kwenye spika, wote mezani mkasikia. Lakini waya ubaki umechomekwa. Ukiuchomoa, mpira unaondoka nao.

Onyo la pili: usiukunje waya mfukoni. Uachie unyooke, uning'inie kifuani au uutandaze dirishani. Waya uliokunjwa unakoroma, unyooshe uone tofauti. Onyo la tatu: hakikisha simu yako ina FM kweli. Simu nyingi za itel, Tecno na Infinix zinayo. iPhone hazina, usihangaike kutafuta. Na ukipakua programu iitwayo "FM Radio" ikakuomba bando, hiyo si FM, ni redio ya mtandaoni iliyovaa kanzu ya FM.

Jaribu haya yote siku moja kabla. Siyo wakati timu zinatoka kwenye vyumba vya kubadilishia nguo.

Hatua ya 5: Mtandaoni.
Tumia tovuti au programu ya kituo chenyewe kwanza. Ikishindikana ndipo uende kwenye programu zinazokusanya vituo vingi, kama TuneIn. Kuhusu bando: matangazo ya kilobiti 64 kwa sekunde yanakula kama MB 29 kwa saa; ya kilobiti 128 yanakula mara mbili yake. Mechi nzima na mapumziko piga saa mbili. Kwa hiyo MB 60 hadi 120 zinakutosha, na anayesema redio inamaliza bando huyo alikuwa anatazama video.

Kinachouma mtandaoni ni kuchelewa. Sauti inaweza kuwa nyuma nusu dakika au zaidi. Jirani mwenye FM atashangilia bao wewe bado unasikia kona inatengwa.

Na hizo "LIVE" za YouTube zenye nembo mbili na saa inayohesabu: nyingi ni picha mgando, au mechi ya zamani, au mchezo wa kompyuta kabisa. Ukiona wanakutaka ubonyeze linki au ujiunge kundi la mikeka ya kubeti, toka.

Hatua ya 6: Saa, kwa walio nje.
Mechi ya saa 10:00 jioni ya nyumbani ni saa 11:00 jioni Muscat. London ni saa 7:00 mchana wakati wa baridi na saa 8:00 mchana wakati wa kiangazi. New York na Toronto ni saa 2:00 asubuhi au saa 3:00 asubuhi, kutegemea msimu. Simu yako haijui saa za Kiswahili. Kengele ya saa 10 jioni iandike 16:00, usiandike 10:00.

Maswali karibu. Ila soma kwanza.

---

MASWALI YA WANACHAMA

Kijana wa Mbagala: Mkuu shukrani kwa uzi. Kwa hiyo leo ni redio gani?

Jibu: Hatua ya 1. Bado iko palepale.

Mama Faraja: Kaka, samahani, swali la pembeni. Nyumbani tunatazama kwenye runinga lakini mume wangu anapenda mtangazaji wa redio, anazima sauti ya TV anawasha redio. Shida redio inatangulia, bao linatangazwa sisi kwenye kioo mpira bado uko katikati. Kuna dawa?

Jibu: Dada yangu, swali zuri hili, wala si la pembeni. Picha ya runinga inabanwa, inapandishwa kwenye setilaiti iliyo kilomita kama 36,000 juu, inashushwa, halafu kisimbuzi chako kinaifungua. Safari yenyewe ya kwenda na kurudi haifiki hata nusu sekunde. Kinachochelewesha ni huko kubanwa na kufunguliwa. FM haina mlolongo huo, ndiyo maana inatangulia. TV huwezi kuiharakisha, kwa hiyo itabidi redio ichelewe. Acheni FM, sikilizeni kituo hichohicho mtandaoni. Sasa mambo yatageuka, redio itakuwa nyuma ya picha. Kama kisimbuzi chenu kinaweza kusimamisha picha, isimamishe pale mwamuzi anapopuliza ya kuanza, ngoja mtangazaji aseme mpira umeanza, iachie. Mkishapatanisha msiguse tena. Mtandao ukikwama katikati, fanyeni upya kwenye mpira wa kurusha wowote ule.

Halafu kuna mechi za ugenini ambazo mtangazaji hayuko uwanjani, anatangaza studio akitazama runinga kama ninyi. Siku hizo hata FM inakuwa karibu sawa na picha.

Mama Faraja: Ahsante sana kaka, hiyo ya studio sikuwahi kuifikiria. Ndiyo maana fainali ya Kombe la Shirikisho na USM Alger, kule Algiers 2023, vilikwenda pamoja!

Jibu: Inawezekana kabisa. Ile penalti ya Djuma dakika ya saba mimi niliisikia na kuiona kwa pamoja, nikadhani redio imeharibika. Tulishinda 1-0 kule, lakini ile 2-1 waliyotufunga uwanja wa Mkapa ndiyo iliyowapa kombe, kwa mabao ya ugenini. Tuiache.

Mtoto wa Jangwani: Uzi wa uongo huu. Nimefuata hatua ya 4 yote, simu inaniambia chomeka hedifoni na hedifoni ninazo masikioni.

Jibu: Za waya?

Mtoto wa Jangwani: Za Bluetooth, orijino.

Jibu: Nimeandika kwa herufi kubwa. Sina herufi kubwa kuliko zile.

Mswahili wa Leicester: Mkuu, huku Uingereza nilikuwa natumia Radio Garden, ile ya kuzungusha dunia. Siku hizi vituo vya nyumbani havifunguki. Tatizo ni simu?

Jibu: Simu yako ni nzima, haina tatizo. Tangu 2022 Radio Garden ukiwa Uingereza inakufungulia vituo vya Uingereza tu, ni mambo ya leseni. Nenda tovuti ya kituo chenyewe, uihifadhi kwenye kivinjari, usiitafute upya kila mechi. Na mwisho wa Machi na mwisho wa Oktoba saa zenu zinaruka, ukumbuke hatua ya 6.

Mnyama Mkali: Swali fupi. Mkifungwa, mnazima kwa kitufe au mnaitupa redio dirishani?

Jibu: Tuliazima utaratibu wenu Simba wa Mei 2025, fainali ya Shirikisho, Amaan, mbele ya Berkane.

Mnyama Mkali: Sare ile bwana!

Jibu: Sare yenye maumivu ya 2-0 mliyofungwa kwanza kule Morocco. Una swali la redio?

Mnyama Mkali: Ninalo kweli. Nikiwa uwanjani kwa Mkapa napenda kusikiliza huku natazama, lakini redio ya mtandaoni inagoma kabisa. Bando ninalo.

Jibu: Sasa umeuliza la maana. Uwanja unabeba watu 60,000, na kila mmoja ana simu anarusha video. Minara inaelemewa, MB zako zinakaa bila kazi. FM haijali mko wangapi. Wanaosikiliza hata wakiwa mji mzima, mawimbi ni yaleyale. Nenda na hedifoni za waya au kiredio kidogo cha betri. Utasikia jina la aliyetoa pasi kabla hujamtambua kwa macho, hasa ukikaa viti vya mzunguko. Masikio yote mawili usiyazibe, kuna kutoka pale mwishoni na msongamano wake.

Mzee Tumbi: Kijana wangu, umetusahau wazee. Ninayo redio yangu ya zamani ya mbao, ina masafa ya kati. Jioni naipata vizuri kiasi, mchana haieleweki, inavuma kama nyuki. Antena nimeivuta mpaka mwisho.

Jibu: Shikamoo mzee. Hapo antena ya kuvuta haikusaidii, hiyo ni ya FM na masafa mafupi. Kwa masafa ya kati antena iko ndani, ni kile kijiti cheusi kilichozungushiwa waya mwembamba wa shaba. Kijiti hicho kinachagua upande. Kwa hiyo badala ya kuvuta antena, zungusha redio yenyewe, taratibu, kama unayetafuta kibla. Kuna upande utasikia sauti imejaa, iache hapo. Kuhusu kuvuma, angalia kama karibu kuna chaja ya simu au taa ya LED. Chomoa, zima, weka betri. Mara nyingi nyuki wanahama. Na hiyo ya jioni kuwa bora si redio yako: jua likizama, tabaka la chini la anga linalomeza mawimbi hayo mchana hutoweka, yakafika mbali zaidi. Ndiyo maana usiku unanasa hata vituo vya nchi jirani.

Mzee Tumbi: Marahaba. Nimeizungusha, imekubali kuelekea dirishani. Hii redio imewasikia kina Ahmed Jongo na Charles Hilary wakitangaza mpira enzi za RTD, Redio Tanzania Dar es Salaam. Siku hizi watangazaji wanapiga kelele tu, hawakwambii mpira uko upande gani wa uwanja.

Jibu: Mzee hapo nakuunga mkono. Charles Hilary ametutoka Mei 2025, Mungu amrehemu. Msikilizaji wa redio haoni. Anataka kujua mpira uko winga ya kulia au ya kushoto, nani anao, umebaki muda gani. Mwingine leo anakwambia "anaambaa, anaambaaa" dakika nzima, hujui ni wa timu gani.

Kijana wa Mbagala: Ila wakuu kelele ndizo zinazonoga. Bila kelele si afadhali nisome matokeo tu?

Mzee Tumbi: Mjukuu wangu, kasome matokeo.

Binti wa Kahama: Mimi nasaidia tu, si swali. Wenye visimbuzi, kwenye rimoti nyingi kuna kitufe cha kuhamia redio, au iko kwenye menyu. Sisi umeme ukiwepo tunasikiliza hivyo, sauti safi, hakuna mikwaruzo wala bando.

Jibu: Ahsante dada, hiyo nilipaswa kuiweka juu. Kila mtu aangalie cha kwake, orodha ya redio hutofautiana kati ya kampuni na kampuni. Kumbuka tu ukisikiliza hivyo inachelewa kama runinga, si kama FM.

Kijana wa Mbagala: Mkuu, nimewasha TBC Taifa, naona wanasoma matangazo ya vifo. Mpira saa ngapi kwani?

Jibu: Kesho.