Namna ya kutengeneza dunia ya fantasia ambayo watu wanaruka angani, na ikaeleweka

Wengi wetu tunaoandika fantasia tukifika kwenye ishu ya watu kuruka tunampa mhusika mabawa afu basi, maisha yanaendelea vilevile, mji una ukuta, nyumba zina milango chini, mfalme anasafiri na farasi. Sasa ukuta wa nini kama adui anapita juu? Kuruka kukishaingia kwenye dunia yako hakubaki angani, kunashuka mpaka jikoni na kwenye mahari. Kwa hiyo usianze na mabawa, anza na kinachomzuia mtu kuruka, jamii yote utaitoa hapo. Stori zetu za ungo zinalijua hilo zamani, mchawi anapaa usiku tu, akipita juu ya nyumba iliyozindikwa anadondoka, na kukikucha kabla hajafika kwake imekula kwake. Ondoa hayo masharti uone kama kuna stori imebaki.

Anza na uzito. Ukimkuza kiumbe mara mbili kila upande, eneo la mabawa linaongezeka mara 4 lakini uzito unaongezeka mara 8, ndo maana yule ndege wa mbugani anayeitwa tandawala mkubwa, dume linalofika kama kilo 18, linatembea siku nzima na kuruka kwa shida tu pale linapobanwa. Mtu mzima ni kilo 60 na kuendelea. Mwaka 1979 Bryan Allen alivuka bahari kutoka Uingereza mpaka Ufaransa kwa chombo cha pedeli kinaitwa Gossamer Albatross, nguvu ya miguu yake tu, na mabawa yalibidi yawe karibu mita 30 kutoka ncha hadi ncha, na bado alifika hoi. Kwa hiyo una njia kama tatu: watu wako wawe wadogo na wepesi, au hewa iwe nzito kuliko yetu, au uchawi. Ukichukua uchawi sawa, ila uwe na bei, na bei hiyo ilipwe na mtu anayeonekana kwenye hadithi.

Afu upepo, na hapa usiwe na haraka maana ndo kwenye utamu. Tumbusi wa Serengeti hawaamki wakapaa tu, wanasubiri jua lichome ardhi, hewa ya moto ianze kupanda, wanaingia humo wanazunguka mpaka juu bila kupiga mabawa sana. Watu wako wakiruka hivyo basi asubuhi na mapema hakuna anayeruka, barua hazifiki kabla ya saa nne, vita vinapiganwa mchana, na usiku ni wa watembea kwa miguu, pamoja na wezi wao. Juu ya bahari hewa hiyo ya kupanda ni hafifu, korongo weupe wanaotoka Ulaya kuja Afrika wengi wanakwepa katikati ya Mediterania wanapitia Gibraltar au Bosphorus ambako maji ya kuvuka ni membamba, kwa hiyo sehemu nyembamba kama hizo kwenye ramani yako ndo zitakuwa na ushuru, magereji ya mabawa, madanguro na majasusi. Anayekaa kisiwani yuko salama, na mwenye jahazi ana jeuri kwa sababu yeye anafika.

Na kama upepo ni wa msimu, angalia pwani yetu, wafanyabiashara walikuja na kaskazi wakasubiri kusi iwarudishe, miezi mingi, wakaoa, wakazaa, miji ikakua. Warukaji wako nao watakwama mahali. Watalala wapi, watoto wanaowaacha watakuwa ukoo wa nani?

Sasa mzigo. Mrukaji hawezi kubeba gunia la mahindi wala mawe ya kujengea, atabeba barua, dhahabu, dawa, na umbea. Tena anakula sana maana kuruka kunamaliza nguvu, chakula chenyewe kinalimwa na wa chini. Ndo maana binafsi siziamini zile dunia ambazo wenye mabawa ni wafalme moja kwa moja, wakulima wakigoma mwezi mmoja tu hao wafalme wanatua wenyewe. Kwangu mimi mkubwa wa mji ni mwenye ghala, ana kitambi, hajaruka miaka na anajivunia, kwa sababu wembamba ni dalili kwamba bado unatumwa. Pale wanapotua kuna mzani, mtu anapimwa akiondoka na akirudi, ikizidi nusu kilo anaulizwa ameficha nini. Mwenye mimba je, anaruka mpaka mwezi wa ngapi na nani anaamua, mume, mkunga au karani wa mzani? Hapo una sura nzima.

Heshima pia usiisahau. Kijana hawezi kumpa mzee shikamoo akiwa juu ya kichwa chake, lazima atue kwanza, na kupita juu ya ua wa watu wakati wanaoga ni kesi ya kwenda kwa mjumbe. Nyumba za kawaida zitaezekwa mpaka uani hata kama joto ni kali, na ukiona nyumba ina mlango juu ya paa ujue wenyewe wanapokea wageni wa aina gani.

Baridi iweke kwa kifupi, kila mita 1,000 unazopanda joto linashuka kama nyuzi 6 na hewa inapungua. Kuna tumbusi aligongana na ndege ya abiria juu ya Abidjan mwaka 1973 kwenye mita zaidi ya 11,000, lakini mtu huko anazimia, kwa hiyo weka dari ya kuruka na usiivunje kwa sababu tu hero wako ana haraka.

Ukishamaliza usianze sura ya kwanza. Chukua mama anayeuza chakula pale kwenye mzani, mzee asiyeweza tena kupaa, na mtu anayetafutwa na askari, andika ukurasa mmoja mmoja wa kila mtu kwenye siku ambayo upepo umegoma kabisa. Ukikwama kwa mmoja wao rudi kwenye upepo na mzigo, kuna kitu hujaamua.