SOMO: Yai ndani ya dirisha la mkate, chai ya asubuhi ya watoto kwa sisi wa jiko la mkaa

Habarini wadau. Mama watoto wangu anauza samaki, saa kumi na moja alfajiri keshatoka anawahi mashua zikiingia feri, kwa hiyo asubuhi ya watoto ni ya kwangu, na mi ni dereva bajaji hapa Mtwara mjini, kabla ya hapo jikoni nilikuwa najua ugali na kuchemsha maji basi. Wako watatu, mkubwa darasa la tatu, wa kati yuko awali, kitindamimba ana miaka miwili na nusu na yeye hali kitu mpaka aone wenzie wamekila kwanza.

Mwanzoni nilikuwa namtuma mkubwa vitumbua au tunapasha muhogo wa jana. Sio vibaya, muhogo tumekulia huo huo, ila mtoto akawa anarudi shule ananiambia baba njaa imeniuma kabla hata ya mapumziko. Nikahamia mayai, nikayaharibu wiki nzima. Mafuta mengi, moto mkali, pembeni jeusi katikati majimaji, kitindamimba akatema tonge kwenye kiganja changu akaniangalia kama nimemkosea adabu. Nikaja kugundua shida ni moto. Somo lote hili ni la moto, mengine ni madogo madogo.

VITU: slesi nne, mayai manne (mkubwa anakula mawili), Blue Band au mafuta ya alizeti kijiko cha chai kwa kila slesi, chumvi ya kubana na vidole viwili, frampeni na kifuniko chochote cha sufuria kinachoikalia vizuri, na kikombe cha kahawa, kile kidogo cha wauza kahawa kisicho na mkono. Kikombe hicho ndio mashine yetu, mtaona.

MKATE. Chukua wa jana. Mkate wa leo ni laini mno, ukiukata tundu unabonyea na mafuta unayafyonza yote. Ila usivizie mpaka wa siku nne, kwetu huku hasa mvua zikianza unyevu ni mwingi, mkate unaota ukungu haraka, na ukiona doa la kijani tupa wote, usikate pale penye doa ukasema pengine pazima, ukungu kwenye mkate laini unakuwa umeshaingia ndani huuoni.

MAYAI. Weka kwenye bakuli la maji. Lililolala chini ni jipya, linalosimama wima ni la siku nyingi lakini bado linaweza kufaa, linaloelea achana nalo. Ni kwa sababu ndani ya yai kuna mfuko wa hewa na kadiri yai linavyokaa maji yake yanapungua hewa inaongezeka. Alafu kila yai lipasue peke yake kwenye kikombe kabla halijaenda kwenye chakula. Hii nimelipia ada. Nilinunua mayai kwenye kiduka kimoja, trei imewekwa nje na jua la saa nane linaipiga, mi nikaona bei nzuri nikachukua. Asubuhi nikapasua la kwanza bakulini, la pili, la tatu likatoka viza, harufu mpaka jirani akauliza kuna nini. Mayai matatu kwa mpigo yameenda, na watoto wamevaa yunifomu wamesimama mlangoni wameziba pua.

Ukishashika maganda osha mikono na sabuni, hasa haya ya kienyeji yanakuja na kinyesi cha kuku.

MOTO SASA. Yani sisi gesi inatoka hapo Mnazi Bay, bomba la kwenda Dar limekamilika 2015, na mi mpaka leo napepea mkaa, haya tuendelee. Washa mkaa mchache, subiri uwe mwekundu wote na uanze kuvaa majivu meupe. Usipike wakati bado kuna jeusi linatoa moshi, mkate utanuka moshi na watoto wananusa kuliko paka. Tandaza makaa yawe sawa, nyunyiza juu vijiko viwili vya majivu ya jana, alafu kile kimlango cha chini cha jiko kifunge karibu chote. Weka frampeni dakika mbili, dondosha tone la maji. Likirukaruka huku na huku moto mkali, ongeza majivu. Likikaa palepale likalia tsiiii taratibu mpaka likaisha, hapo ndipo. Wenye gesi ya mtungi, moto mdogo kabisa. Na jiko la mkaa liwe nje au barazani, usiliingize chumbani ukafunga mlango sababu ya mvua, ile hewa yake inaua na haina harufu.

KUPIKA. Kandamiza kikombe cha kahawa katikati ya slesi uzungushe, kinatoka kiduara, mkate unabaki na tundu kama dirisha. Paka siagi pande zote mbili, nyembamba. Weka frampeni, na kile kiduara pembeni yake. Upande wa kwanza kama dakika moja na nusu, uwe rangi ya korosho iliyokaangwa vizuri. Geuza. Sasa mimina yai kutoka kwenye kikombe taratibu ndani ya tundu, kikombe kikiwa karibu kabisa na mkate, ukimimina kwa juu linaruka linatambaa mpaka ukingoni. Chumvi kidogo. Funika.

Hapa ndipo wengi tunaharibu, tunafunua funua. Acha. Mvuke ule chini ya kifuniko ndio unaivisha juu bila kuunguza chini. Dakika tatu, nne, ute utakuwa mweupe wote. Mtu mzima angekula hivyo, ila kwa mtoto mdogo kiini kiive kabisa kisiwe cha kumwagika, kwa hiyo ingiza mwiko bapa chini geuza mara ya mwisho, dakika moja na nusu nyingine, toa. Ukibonyeza kiini na kijiko kikakataa kubonyea, tayari.

Mkubwa anapewa zima analikunja analila kama chapati. Kitindamimba namkatia vijiti vya upana wa kidole, anashika mwenyewe, na chumvi yake siweki.

Chai. Nesi wa kliniki alituambia chai ya majani ukiinywa pamoja na chakula inazuia madini ya chuma yasiingie vizuri mwilini, sasa natoa maziwa au maji ya mchaichai yenye sukari kidogo, na kipande cha papai au chungwa, hayo matunda yanasaidia chuma kuingia. Chai ya rangi wataikuta mchana huko.

Karibuni kwa maswali.

MASWALI YA WADAU

Mama Pacha, Lindi mjini: Asante kaka kwa somo. Naweza kuwafungia kwenye kontena wakale shule saa nne?
Jibu: Hapana dada yangu. Ukipika saa kumi na mbili mpaka saa nne ni masaa manne, na joto la kwetu unalijua, yai lililopikwa lisikae nje zaidi ya masaa mawili. Yai wale nyumbani, kwenye kontena weka ndizi na karanga kama wameshakuwa wakubwa wa kutafuna. Na mkate wowote wa kontena uache upoe kwanza ndio ufunike, ukifunika wa moto unatota.

Mdau wa Newala: Mkuu huku kwetu juu upepo na baridi, ukitandaza mkaa kidogo hivyo unazimika kabla yai halijaiva.
Jibu: Dah, Newala hapo nakubali. Zungushia jiko matofali matatu upande wa upepo, mkaa ongeza ila majivu usiache. Na mayai yatoe nje ya kapu mapema, kama yamelala na baridi yanachelewa kuiva.

Bi Harusi wa Zamani: Sina frampeni ya kisasa isiyoshika, yangu ya alminiamu yai linaganda chini linatoka vipande.
Jibu: Dada hata yangu hiyo hiyo. Pasha frampeni kavu kwanza, ndio uweke mafuta, mafuta yakishapata moto ndio mkate. Ukiweka vyote vya baridi kwa pamoja lazima ligande. Na likiganda usivute kwa nguvu, ipua subiri nusu dakika, linaachia lenyewe.

Mjomba wa Masasi: Kienyeji au kisasa, lipi zuri kwa mtoto? Huku wanasema la kienyeji lina nguvu zaidi.
Jibu: Mjomba, ile njano kali ya kiini inatokana na alichokula kuku, majani na wadudu, kwenye lishe tofauti sio kubwa kama inavyosemwa. La kienyeji mi nalipendea udogo wake, linaenea kwenye tundu halimwagiki. La kisasa likiwa kubwa toa ute kidogo kikombeni uweke kwenye slesi ya mwisho.

Mama Mtoto Mmoja: Wangu ana miezi nane, bibi yake amekataa kabisa, anasema mtoto akila mayai atakuja kuwa mwizi. Nimpe nisimpe?
Jibu: Mpe. Kuanzia miezi sita anapoanza vyakula anaweza kula yai, ila lichemshwe likauke, liponde na maziwa yako au maji yaliyochemka liwe laini, anza na kijiko kidogo cha chai uangalie. Ukiona mabaka, midomo inavimba au anatapika usimpe tena na umpeleke hospitali, akipumua kwa shida hapo hapo kimbia usisubiri kupambazuke. Kuhusu bibi usibishane nae, mwombe yeye ndio ashike kijiko amlishe, mama yangu nae alikuwa na maneno hayo hayo siku aliyomlisha mwenyewe yakaisha. Mwizi ndani kwangu yupo kweli, anaiba sukari, na alianza kabla ya mayai.

Mdau wa Nachingwea: Nikichemsha, ganda linabanduka na nusu ya yai, na kiini kinakuwa na mduara wa kijani, ni sumu?
Jibu: Sio sumu, umelichemsha mno. Maji yakishachemka hesabu dakika kumi mpaka kumi na mbili, alafu tumbukiza kwenye maji ya baridi. Ganda linalogoma maana yake yai jipya sana, la kuchemsha chagua lililokaa kama wiki.

Kijana wa Mikindani: Badala ya siagi naweza kupaka korosho? Huku zipo nyumbani debe zima.
Jibu: Unaweza na ni tamu kuliko siagi, ila usiipake kabla, inaungua. Korosho zilizokaangwa twanga kwenye kinu mpaka zitoe mafuta, chumvi kidogo, paka mkate ukishaiva. Mara ya kwanza mwonjeshe mtoto kidogo tu, korosho nazo wapo zinaowadhuru. Na korosho nzima usimpe aliye chini ya miaka mitano, zinakaba.

Baba Wawili, Chikongola: Jirani nimejaribu leo. La kwanza limeungua nimekula mwenyewe, la pili limetoka kama ulivyosema. Sasa shida kile kiduara kilichokatwa, wamekigombania mpaka chai imemwagika, kwenu anakula nani?
Jibu: Hahaa pole jirani, hapo nilisahau kuandika. Kwetu kuna zamu, imeandikwa kwa mkaa nyuma ya mlango wa jikoni, mkubwa ndio karani. Jumapili imeandikwa baba, ila jumapili mbili zilizopita nimekuta pamefutwa.