Kukata filamu kwa mlio wa vikombe vya kahawa

Filamu hii ni ya dakika moja, haina hadithi wala mhusika. Unahitaji simu yenye kamera unayoweza kuipangia mwenyewe, na asubuhi moja sokoni Kariakoo, Dar es Salaam.

Hatua ya 1: Tafuta mlio kwanza. Wengi hupiga picha nzuri nzuri halafu wanazibandikia muziki. Mimi natanguliza sikio. Muuza sigara anachezesha sarafu, kipaza sauti cha machinga kinarudia "buku tu, buku tu", ila ninayemfuata ni muuza kahawa, anavyogonganisha vikombe kiganjani. Msalimie, kunywa kikombe kimoja, muombe umrekodi. Kisha hesabu: akigonga mara 20 kwa sekunde 10, pigo moja ni nusu sekunde.

Hatua ya 2: Panga kamera. Fremu, yaani picha moja moja zinazounda video, ziwe 25 kwa sekunde. Chini ya taa, shata, yaani muda kamera inaopokea mwanga kwa kila fremu, iwe 1/50 au 1/100 ya sekunde, maana umeme wetu ni wa hezi 50, yaani mizunguko 50 kwa sekunde. Mimi mara ya kwanza niliiacha simu ijiamulie; taa za maduka zikapepesa kwenye kila klipu, kazi ya jioni nzima nikaitupa. Juani hilo halikuhusu. Funga mipangilio ya mwanga na fokasi, simu isiibadilishe yenyewe.

Hatua ya 3: Chagua umbo moja. Moja tu! Mimi nilichukua duara: mdomo wa kikombe, tairi la guta la mizigo, beseni la karanga, sinia. Tuliza mkono sekunde tano, mtaa ndio upite mbele yako. Ukipenda vivuli, wahi kabla ya saa tatu; adhuhuri jua likiwa utosini vyote vimejificha miguuni.

Hatua ya 4: Kata, picha moja kwa kila pigo. Nusu sekunde ni fremu 12 na nusu, na nusu fremu haikatiki. Basi kata 12, kisha 13, 12, 13. Picha itachechemea kidogo, kama mtu aliyebeba birika zito mkono mmoja. Usiisahihishe. Kila duara liweke katikati ya kioo, likubwa lifuatwe na dogo, ili jicho lisihangaike.

Hatua ya 5: Vunja. Baada ya mapigo 16, acha mlio uendelee lakini shikilia picha moja fremu 100. Mimi niliweka tairi la guta likijivuta kwenye foleni. Muonyeshe mtu, utazame mkono wake: hapo wengi huanza kugonga kidole wenyewe. Kidole kikitulia kabla picha haijabadilika, umeshikilia mno. Punguza fremu 25, umuonyeshe mwingine.