Barua ya kufukuzwa kazi shirika la umma: namna ya kuifikisha Mahakama Kuu

Mwaka wa tisa huu ni katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi kwenye mamlaka moja ya maji hapa Tanzania. Kila anayeniletea barua ya kufukuzwa kazi namuuliza kwanza: "Umeipokea lini?" Tarehe iliyochapwa juu yake nitaiona mwenyewe. Mwenzetu mmoja, msoma mita, barua yake iliandikwa tarehe 3, ikamfikia tarehe 19. Alisaini kwenye dispachi, lile daftari la kupokelea barua, bila kuandika tarehe, na siku zile 16 zikawa za kubishania. Ukisaini, andika tarehe na saa kwa mkono wako, halafu piga picha ukurasa ule. Bahasha usiitupe.

Tarehe hiyo ina uzito kwa sababu una siku 45 za kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma. Hapa ndipo wengi wanapopotea. Utaambiwa, "Kaka, wahi CMA, una siku 30," yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ya migogoro ya kazi. Huo ni ushauri wa mtu wa kiwandani au hotelini. Wewe wa shirika la umma ni mtumishi wa umma, na kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, kinakutaka umalize kwanza njia za sheria hiyo. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani ililisema hilo waziwazi katika kesi ya Shirika la Posta: CMA haikuwa na mamlaka. Yule msoma mita alishinda CMA, tukanunua soda, tukampongeza. Mahakama Kuu ikaufuta ushindi wote, akarudi mwanzo kuomba rufaa yake ipokelewe nje ya muda. Iliniuma sana, maana mimi ndiye niliyemwelekeza huko.

Kwenye rufaa usisimulie utumishi wako wote. Weka hati ya mashtaka mezani uikague neno kwa neno. Ya msoma mita ilisema amekosa uaminifu "kwa kuwaunganishia watu maji kinyemela". Mtaa gani? Mita namba ngapi? Mwezi gani? Hamna. Mtu atajiteteaje hapo? Kisha jiulize: kamati ya uchunguzi iliundwa? Uliitwa? Mashahidi uliwasikia na kuwahoji? Taarifa ya kamati uliiona kabla hujahukumiwa? Kila "hapana" iandike kama sababu yake peke yake. Nakala ipeleke kwa mamlaka yako ya nidhamu, yaani waliokufukuza, na usiondoke masijala bila muhuri wa kupokelewa.

Tume ya Utumishi wa Umma ikikukatalia, rufaa inakwenda kwa Rais, na uamuzi wake ndio wa mwisho katika ngazi za utumishi. Hapo sasa mlango wa Mahakama Kuu unafunguka, kwa mapitio ya kimahakama. Ndani ya miezi 6 tangu uamuzi unaoupinga, unaiomba mahakama kibali cha kufungua ombi hilo la mapitio. Unapeleka maelezo yenye sababu zako na nafuu unazoziomba, pamoja na kiapo cha kuthibitisha yaliyotokea. Ukipewa kibali, ombi lenyewe liwe limefunguliwa ndani ya siku 14. Siku hizo huisha ukiwa bado unatafuta nauli, kwa hiyo ombi liandikwe lote kabla kibali hakijatoka. Tafuta wakili aliyewahi kuendesha mapitio, maana wa kesi za kawaida huandika kana kwamba anakata rufaa.

Jaji hataanza kupima kama kweli uliunganisha maji. Anatazama aliyekufukuza alikuwa na mamlaka au la, ulisikilizwa au la, sheria ilifuatwa au ilirukwa. Akiridhika nawe, anautengua uamuzi. Mwajiri anaweza kuanza tena, safari hii kwa utaratibu, kwa hiyo ushahidi wako wa kazini utunze hata baada ya kushinda. Msoma mita wetu madaftari ya ruti zake ameyafunga kwenye mfuko wa nailoni, mtaa kwa mtaa, mwezi kwa mwezi.