Kwa mhariri wa video anayetafuta kazi ya filamu

Vijana wengi wa Lamu wanaoingia katika kazi ya kuhariri video huanzia kwenye harusi, Maulidi na mashindano ya majahazi, na wanapoomba kazi ya filamu au runinga hupeleka video ya dakika moja iliyojaa picha za kuvutia zilizokatwakatwa juu ya muziki. Video ya aina hiyo humsifu mpiga picha kuliko mhariri. Ikiwa wewe ni mmoja wao, ninakushauri kwa dhati uambatanishe pia onyesho moja kamili la dakika mbili au tatu, lenye watu wawili wanaozungumza na lisilo na muziki wowote, kwa sababu hapo ndipo mwajiri huona kama unajua ni wakati gani wa kumwacha msemaji na kuonyesha uso wa anayesikiliza.

Tuseme fundi wa majahazi wa kijiji cha Matondoni, Lamu, anamweleza mwanafunzi wake namna ya kutia kalafati, yaani kuziba nafasi zilizo kati ya mbao za chombo. Usikate kila mmoja anapomaliza sentensi. Iache sauti ya jibu, au ya nyundo, itangulie picha yake kwa fremu (picha mojamoja zinazounda video) 10 au 12, yaani karibu nusu sekunde katika video ya fremu 25 kwa sekunde, na mkato hautamshtua mtazamaji. Rekodi pia sauti ya mahali penyewe kwa nusu dakika watu wakiwa kimya, maana upepo wa pwani hubadilika kati ya picha moja na nyingine, na sauti hiyo ndiyo itakayoziba mapengo. Kazi ya kurekebisha rangi za video ifuate baada ya hapo, tena kwa kiasi.